Raj hakumtorosha Simran: sanamu ya London na baba aliyeachwa nje

Desemba 4, 2025, Shah Rukh Khan na Kajol, walioigiza Raj na Simran, walisimama Leicester Square, London, wakafunua sanamu ya shaba inayowaonyesha wao wenyewe wakicheza. Imewekwa kuadhimisha miaka 30 ya Dilwale Dulhania Le Jayenge, na ndiyo ya kwanza ya filamu ya Kihindi kwenye uwanja ule, ambako tayari wamo Mary Poppins, Harry Potter na Paddington. Maelezo yaliyoenea tangu siku hiyo ni yaleyale: mapenzi yameshinda, vijana wawili wamewabwaga wazee, na sinema ya Mumbai imepata heshima yake Ulaya. Kuhusu heshima sina ugomvi. Lakini hilo la kuwabwaga wazee si kweli, na anayeitazama filamu hii kwa imani hiyo hawezi kueleza kwa nini, katika nusu yake yote ya pili, Raj anakataa kufanya jambo ambalo karibu kila steringi aliyemtangulia angelifanya bila kufikiri mara mbili. Ninavyoiona mimi, hii ni filamu ya baba. Haiulizi iwapo binti atatii. Inauliza iwapo baba atatimiza wajibu wake kwa binti, na saa zake zaidi ya 3 zimepangwa ili kumfikisha mzee mmoja mahali pa kufungua vidole vyake.

Tuanze na pozi la sanamu yenyewe. Limetoka kwenye wimbo Mehndi Laga Ke Rakhna, wimbo wa sherehe ya hina, na anayepita Leicester Square anaona furaha tupu. Ndani ya filamu wimbo huo unachezwa katikati ya hatari. Sherehe ni ya kumwoza Simran kwa Kuljeet, mchumba aliyechaguliwa na baba yake. Raj yumo humo kama rafiki wa bwana harusi, amekaribishwa kwa uongo, anakula chakula cha watu na kutaniana na shangazi wa binti, na baba wa binti yumo katika umati huohuo bila kujua kwamba mgeni anayechangamsha shughuli ndiye kijana aliyemfanya aihamishe familia yake kutoka Uingereza. Ngoma hiyo ni ya mtu aliyeingia nyumba ya watu kwa mlango wa mbele huku nia yake ameificha. Ukimwondoa baba, unabaki na harusi ya kawaida.

Kwa asiyekumbuka kisa, mambo yalikwenda hivi. Chaudhry Baldev Singh, aliyeigizwa na Amrish Puri, ni Mpunjabi mwenye duka London, na kwa zaidi ya miaka 20 anaishi ugenini akiota mashamba ya haradali ya kwao. Binti yake mkubwa alikwisha kumwahidi kwa mwana wa rafiki yake wa utotoni huko Punjab. Simran anaomba mwezi mmoja tu wa kutembea Ulaya na wenzake, na njiani anakutana na Raj Malhotra, mtoto wa tajiri, mtundu, ambaye Baldev ana kinyongo naye tayari: usiku mmoja alikuja dukani muda wa kufunga, akajifanya anatafuta dawa ya kichwa, akachukua bia akakimbia. Simran anaporudi na kumweleza mama yake habari za moyo wake, Baldev anasikia. Hapo hapo anafunga safari na familia nzima kurudi Punjab. Raj anawafuata.

Uzito wa kinachofuata hauonekani mpaka ukumbuke watazamaji wa 1995 walikuwa wamezoea nini. Mapenzi yaliyopingwa na wazazi, katika sinema ya Kihindi, yalikuwa na njia mbili kubwa. Ya kwanza ni kutoroka, na mwisho wake mara nyingi kaburi: Ek Duuje Ke Liye ya 1981 iliwaua wapenzi wote wawili, na Qayamat Se Qayamat Tak ya 1988 ikafanya vivyo hivyo. Ya pili ni kujitoa mhanga. Hum Aapke Hain Koun, iliyotoka mwaka mmoja tu kabla, inawaleta wapenzi hadi ukingoni mwa kuzika mapenzi yao kimyakimya ili mtoto mchanga wa marehemu apate mlezi. Zaidi ya hapo, Yash Chopra, mtayarishaji wa filamu yetu na baba mzazi wa mwongozaji wake, alikuwa ameongoza Kabhi Kabhie mwaka 1976, ambamo wapenzi wanaachana kwa sababu hawataki kujenga furaha yao juu ya majonzi ya wazazi, kisha uchungu wa uamuzi huo unawafuata miaka mingi hadi kizazi cha pili. Aditya Chopra alikuwa na miaka 24 filamu yake hii ya kwanza ilipotoka Oktoba 20, 1995. Kukulia kwenye nyumba iliyotoa Kabhi Kabhie na kuchagua kuanza kazi na kisa hiki ni kumjibu mzazi, na jibu lenyewe lina adabu: watoto wasife, wasiondoke, wala wasinyamaze.

Hata jina la filamu linapaswa kutushtua kuliko linavyotushtua. Maana yake ni kwamba wenye moyo ndio watakaomchukua bibi harusi, na limetoka kwenye wimbo wa filamu ya 1974, Chor Machaye Shor. Ni maneno ya kujigamba, ya mtu anayekuja kunyakua. Filamu inalibeba jina hilo halafu inakataa kulitekeleza. Lajwanti, mama yake Simran, anaugundua ukweli, anakusanya vito vyake, anavikabidhi kwa Raj na kumsihi amchukue binti yake waende zao. Simran mwenyewe yuko tayari, anaomba waondoke. Baba yake Raj alikwisha kumwambia mwanawe akamlete mkwe. Watu wote wenye haki ya kusema neno wamemfungulia njia, na Raj anabaki amesimama palepale. Ataondoka na Simran siku Baldev mwenyewe atakapomkabidhi mkono wake.

Msomaji wa pwani yetu, aliyelelewa na picha za Kihindi tangu enzi za majumba ya sinema ya Zanzibar, Dar es Salaam na Mombasa, ana neno la kulielewa hili ambalo wachambuzi wengi wa Ulaya hawana: radhi. Ruhusa ni jambo la kutamkwa. Unaweza kuipata kwa hila, kwa kuchosha watu, kwa mahakama. Radhi hutoka ndani ya mtu, na kama haikutoka hujaipata, hata kama ndoa imefungwa na watu wamekula pilau. Raj hatafuti ruhusa. Tena anakwenda bila mshenga, akawa mshenga wa nafsi yake ndani ya nyumba ambayo posa ya mwingine ilikwisha kukubaliwa. Ndiyo maana hana njia ya mkato. Mshenga angejadili masharti na kurudi na jibu. Yeye hana cha kufanya ila kuishi mle ndani mpaka ajulikane ni mtu wa namna gani.

Na hapa ndipo ufundi wa filamu ulipo, kwa sababu Aditya Chopra hamwachi Baldev awe ukuta tu wa kugongwa. Sura ya kwanza kabisa ya filamu si ya wapenzi. Ni ya mzee huyu, asubuhi, Trafalgar Square, akiwarushia njiwa punje na kuwaza kwamba katika jiji hili ni njiwa pekee wanaomfahamu. Katika wimbo unaomwita nyumbani, Ghar Aaja Pardesi, mmoja wa waimbaji ni Pamela Chopra, mama mzazi wa mwongozaji. Tunaujua upweke wake kabla hatujaujua ukali wake, na ukali unapokuja tunaona umetoka wapi: mtu aliyepoteza nchi anashikilia ahadi aliyoitoa nchini humo kama hati ya mwisho ya uraia. Huko Punjab, shamrashamra za harusi zikiwa zimepamba moto, anamwimbia mkewe Ae Meri Zohra Jabeen, wimbo wa filamu ya 1965, Waqt, iliyoongozwa na Yash Chopra. Kule Waqt aliyeimbiwa alikuwa Achala Sachdev, na mwigizaji huyohuyo, miaka 30 baadaye, ndiye bibi mzaa baba wa Simran. Dakika chache hizo zinatuambia kwamba mzee mwenye kauli ya chuma anajua kupenda. Asingekuwa hivyo, mwisho wa filamu ungekuwa miujiza.

Pembeni yake kuna baba wa pili, Dharamvir Malhotra wa Anupam Kher, ambaye mwanawe anapofeli masomo yeye anasherehekea. Wengi humwona kama kichekesho cha kupumzishia watu. Mimi namwona kama kipimo. Ukali wa Baldev haupimwi na usasa wala na ujana, unapimwa na Mpunjabi mwenzake wa rika lake, mhamiaji kama yeye, aliyechagua kuwa rafiki wa mtoto wake. Raj ana subira ya kumngoja baba wa mwingine kwa sababu wa kwake hakumwogopesha. Na Baldev anapoigundua picha ya Raj na Simran wakiwa Ulaya na kumshushia makofi mbele za watu, Raj hainui mkono. Atapigana baadaye, stesheni, pale tu baba yake mwenyewe atakapopigwa na watu wa Kuljeet.

Sasa tuzipime hoja za pande mbili, nikianza na dhaifu zaidi, ambayo kwa bahati mbaya ndiyo inayorudiwa zaidi vijiweni na mitandaoni. Inasema filamu hii inafundisha watoto utii: wazazi wanajua zaidi, subiri, nyenyekea, utapewa. Anayesema hivyo hajatazama vizuri. Hakuna mtu anayetii katika nusu ya pili. Raj anadanganya kila siku, tangu asubuhi hadi usiku. Siku ya Karva Chauth, ambapo wanawake wa Kipunjabi hufunga tangu alfajiri hadi mwezi uonekane kwa ajili ya maisha ya waume zao, Simran anatakiwa kufungua kwa mkono wa Kuljeet. Anajifanya kuzirai ili anayemnywesha maji ya kwanza awe Raj, ambaye naye alikuwa amefunga kwa ajili yake. Mama anapanga kutoroka kwa binti yake. Na uamuzi wa mzazi, ule wa Kuljeet, unaonyeshwa wazi kuwa ni kosa: kijana mkali, mwenye bunduki mkononi, asiyemtazama mchumba wake kama mtu. Filamu inayofundisha utii isingemfanya baba achague mkwe wa namna hiyo. Inachofundisha ni kwamba mzee anaweza kukosea, na kwamba kumwacha katika kosa lake na kuondoka si njia pekee ya kumpinga.

Hoja ya upande mwingine ni nzito, na sitaki kuipita haraka. Inasema Simran anapita kutoka mkono wa mwanaume mmoja hadi wa mwingine bila yeye kusikilizwa. Alisema twende; Raj akasema hapana. Kule Uswisi, anapoamka baada ya usiku wa pombe na kuogopa kilichotokea, Raj kwanza anamtania kwa jambo ambalo si la kutania, kisha anamtuliza kwa kumwambia kwamba anaijua heshima ya msichana wa Kihindi ni nini, kana kwamba usalama wa binti umo katika uzalendo wa mvulana. Nitaongeza ambalo wakosoaji hulisahau: Preeti, dada yake Kuljeet, anampenda Raj kwa moyo safi, na Raj anaziacha familia ziamini kuna posa itakayokuja kwa sababu dhana hiyo inamfaa. Mpango wake wa kuheshimu nyumba ya Baldev ulilipiwa na msichana mwingine ambaye filamu haikumrudia kumuuliza anajisikiaje.

Haya yote nayakubali, na bado naona wakosoaji hawa wanaacha nje sauti iliyo kali kuliko zao, iliyomo ndani ya filamu yenyewe. Lajwanti anamwendea Simran na kumsimulia maisha yake: jinsi alivyoambiwa utotoni kwamba mwanamke na mwanaume ni sawa, jinsi alivyokatishwa masomo ili kaka zake wasome, jinsi alivyojitoa kama binti, kama mke, kama mkwe. Simran alipozaliwa, mama aliapa kwamba huyu hatapitia hayo, na sasa amekuja kumwambia kwamba alisahau jambo moja: mwanamke hana hata haki ya kuapa. Kisha anamwomba binti yake amsahau Raj. Farida Jalal alipata tuzo ya Filmfare kwa kazi hii. Baada ya maneno hayo huwezi kusema filamu haijui inachomtendea Simran. Inajua, imemweka shahidi kizimbani atamke, na ushahidi wake unabaki juu ya kichwa cha Baldev hadi sekunde ya mwisho. Udhaifu wake ni mwingine: inaamini dhuluma iliyoelezwa vile na mama inaweza kuondolewa na baba mmoja akibadilika, na huko nje wababa hawabadiliki kwa ratiba ya filamu.

Kutofautisha haki na radhi kunasaidia hapa. Machi 2018 Mahakama ya Juu ya India ilirudisha ndoa ya mwanamke wa Kerala ambayo Mahakama Kuu ya jimbo hilo ilikuwa imeibatilisha kwa shauri la baba yake, na mwezi huohuo, katika shauri jingine, ikasema watu wazima wawili wakiamua kuoana, idhini ya familia wala ya ukoo si sharti. Hilo ni swali la haki na limejibiwa vizuri. Wanaoitumia filamu hii kuwaambia mabinti kwamba lazima baba akubali kwanza wanachukua jibu la swali la pili na kulibandika kwenye la kwanza. Raj angeweza kumwoa Simran London siku yoyote. Alichokitaka ni Simran asiingie kwenye maisha mapya akiwa amefiwa na baba aliye hai. Hilo anaweza kulichagua mtu mwenye usalama wa kulichagua, na filamu ililirahisisha: Raj ni Mpunjabi, lugha yao moja, ana fedha. Chopra aliondoa vikwazo vyote vya tabaka, dini na umaskini, akabakiza kimoja tu, neno alilolitoa baba.

Ndiyo maana zogo lililozuka juu ya mchezo wa muziki wa jukwaani uliotokana na filamu hii, ulioanza San Diego mwaka 2022 na kufika Manchester mwaka 2025, lilionekana kwangu limelenga pembeni. Humo Raj amegeuzwa Mzungu aitwaye Rog, na watu wakalalamika kwamba shujaa wa Kihindi amefutwa. Malalamiko yana msingi, lakini hasara kubwa ni ya kimuundo. Mara tu mchumba anapokuwa mgeni, baba anapata sababu ya kukataa ambayo kila mtazamaji anaielewa papo hapo, na kisa kinakuwa cha mila mbili kugongana. Katika filamu Baldev hana sababu ya nje. Kijana ni mtoto wa kwao hasa, na bado anamkataa, kwa hiyo analazimika kujitazama mwenyewe.

Waliomwiga Chopra tangu hapo, India na hata kwetu, wamekosea mahali palepale. Wamechukua treni, wamechukua mkono ulionyooshwa mlangoni, wameacha kilichoifanya treni iwe na maana. Tazama ilivyopangwa ile stesheni ya Apta, nje kidogo ya Mumbai, iliyosimama badala ya Punjab. Raj yuko mlangoni, damu usoni, treni imeanza kuondoka polepole. Hamwiti Simran. Baldev amemshika binti kifundo cha mkono. Simran anavuta, anasihi, baba hasemi, na kamera inarudi tena na tena kwenye uso wa Amrish Puri na kwenye ule mkono, mpaka mtazamaji anaanza kuhesabu mabehewa yaliyobaki. Kisha vidole vinafunguka. "Ja Simran, ja, jee le apni zindagi." Nenda Simran, nenda, kaishi maisha yako. Wahindu wana ibada ya baba kumkabidhi bwana harusi mkono wa binti yake, kanyadaan. Hapa imefanyika bila kuhani na bila moto, na mkono haukukabidhiwa kwa yeyote. Umeachiwa. Simran anakimbia kwa miguu yake.

Neno "maisha" katika kauli hiyo halikuokotwa. Mwanzoni mwa filamu, Simran alipoomba kwenda Ulaya, aliamka mapema akasali ili kumfurahisha baba, kisha akamuuliza kama hawezi kumpa, kutoka kwenye maisha yake yeye mwenyewe, mwezi mmoja. Baldev akampa huo mwezi. Stesheni anampa yaliyobaki, na kwa mara ya kwanza anayaita yake.

Mumbai, kwenye sinema ya Maratha Mandir karibu na stesheni ya Mumbai Central, filamu ilifikisha wiki 1,000 ikionyeshwa Desemba 2014. Mapema 2015 ilitangazwa kwamba ingeondolewa, watu wakalalamika, ikarudishwa kwenye nafasi yake ya saa 5:30 asubuhi. London, kutoka Leicester Square hadi Trafalgar Square ni mwendo wa dakika chache kwa miguu. Huko ndiko filamu inakoanzia, na tangu 2003 kuwalisha njiwa kwenye uwanja huo ni marufuku. Anayekwenda kupiga picha na sanamu angeshuka hadi pale pia, asimame kidogo mahali aliposimama mzee mwenye koti zito na punje kiganjani, akiita kwa lugha ya kwao: aao, aao.